Faili Nililolidharau

Wanafunzi wenzangu, na ninyi mliotutangulia kutoka shuleni hapa, nataka kuwaeleza habari za faili dogo la kompyuta ambalo nililifuta kwa ujinga wangu wakati wa likizo. Natumaini kosa langu litawafaa wengine.

Mjomba wangu ana duka la vifaa vya ujenzi huko Bwaise, mtaa wa bondeni katika Kawempe, Kampala. Mvua ikinyesha sana, mfereji wa Nakamiro hufurika na maji huingia majumbani. Zamani Mjomba aliandika madeni katika daftari la karatasi, lakini mwaka mmoja mafuriko yalililowesha hata likawa kama uji. Tangu hapo madeni yote yamo katika kompyuta kuukuu ya Ubuntu, ambayo ni namna ya Linux, nayo imewekwa juu ya rafu.

Likizo iliyopita aliniomba niisafishe, kwa kuwa nafasi ilikuwa imekwisha. Nikafuta hiki na kile, kisha nikaona faili liitwalo libsqlite3.so.0.8.6. Sikuwahi kulifungua hata siku moja, wala Mjomba hakulijua. Nikatumia neno la siri la mwenye kompyuta, nikalifuta. Nafasi niliyoipata ilikuwa kama megabaiti moja hivi tu!

Kesho yake programu ya madeni ilikataa kufunguka. Programu ya picha nayo ikakataa, ingawa hizo mbili hazina udugu wowote. Punde akaja mzee mmoja, fundi mwashi, kuchukua saruji kwa mkopo. Alisema deni lake la kwanza amekwisha kulilipa. Mjomba hakuwa na pa kutazama, akamnyima. Mzee akaondoka kimya mbele ya watu.

Basi, ni nini kilichotokea? Yafaa kwanza tujue kwamba lugha za kompyuta si za namna moja. Ziko za kazi nyingi, kama C, na ziko lugha ndogo zilizotungwa kwa ajili ya kazi moja tu. SQL ni mojawapo ya hizo ndogo. Asili yake ni kazi ya Donald Chamberlin na Raymond Boyce wa kampuni ya IBM, Marekani, mwaka 1974. Kazi yake ni kuweka na kuuliza habari zilizopangwa katika majedwali. Ukitaka majina ya wanaodaiwa zaidi ya shilingi 50,000, huandika hivi:

SELECT jina FROM wadaiwa WHERE deni > 50000;

Lakini kompyuta yenyewe haiielewi lugha hii. Hapana budi pawe na mkalimani. Mkalimani mmoja ni SQLite, ambayo D. Richard Hipp alianza kuitengeneza mwaka 2000, akaitoa kwa watu wote bila malipo. Imo hata katika simu za Android.

Je, kila programu ibebe mkalimani wake? Ziko zifanyazo hivyo. Lakini katika Linux desturi ni kumweka mkalimani mmoja katika faili moja, na kila programu imhitajiyo humwita. Faili la namna hii huitwa maktaba ya pamoja. Katika jina lake mna herufi "so", na katika Windows huwa "dll". Faida zake ni mbili: nafasi huokolewa, na kosa likirekebishwa katika faili lile moja, programu zote hupona. Hasara yake ndiyo niliyoiona: faili likiondoka, zote husimama. Ni kama mfereji wa Nakamiro. Mtu mmoja akiuziba kwa takataka zake, majirani wote huamka majini.

Nilimpigia simu mwalimu wetu wa kompyuta. Akaniambia madeni hayakupotea, kwa maana yamo katika faili jingine. Aliyepotea ni mkalimani. Nikaunganisha intaneti ya simu, nikaipakua upya maktaba ileile. Programu zote mbili zikafunguka.

Tukamtafuta yule mzee katika orodha. Alikuwa amelipa wiki mbili kabla, hata shilingi moja haikubaki. Mjomba hakunigombeza. Aliweka mfuko wa saruji juu ya toroli, akaniambia niupeleke mwenyewe nyumbani kwa mzee, nimwombe radhi mbele ya jirani zake. Nikaenda.

Basi, wenzangu, mkiona faili msilolijua, msilifute kwa mkono. Ondoeni vitu kwa amri ya apt, kwani hiyo hukuonyesha kwanza ni programu zipi zitakazoondoka pamoja navyo, nawe waweza kukataa. Wazee walisema kweli: mdharau mwiba mguu huota tende.