MANENO YA GAZETI NA REDIO: TUYAELEWE MUZURI



Kila siku manyumbani mwetu redio inasema. Gazeti moja linapita mikononi mwa watu kumi, na siku hizi telefone inaleta habari kabla maji ya bukari hayajachemka. Tunasikia: "kufuatana na chanzo chenye kuaminiwa", "kampani imetoa komunike", "hesabu ya muda ya wafu". Wengi wetu tunasikia maneno hayo bila kujua yanabeba nini ndani. Basi, mtu asiyejua kusoma mizani, mwenye kununua madini atamupimia namna anavyotaka. Na mambo ya habari ni vilevile.

Tarehe 24 Aprili 1990 Mobutu alitangaza mwisho wa chama kimoja, na magazeti yakaanza kuota katika inchi yetu kama uyoga kisha mvua. Redio za watu binafsi na za Kanisa zilifuata, na Redio Okapi ilianza kusema ku 2002. Hiyo ni neema. Lakini sauti zikiwa nyingi, masikio yanapashwa kufundishwa. Tupitie pamoja maneno machache.

1. HABARI NA MAONI

Habari ni jambo lililotokea: nani, nini, wapi, wakati gani, namna gani, na sababu gani. "Treni ilifika Likasi saa kumi, ilichelewa masaa sita." Hiyo ni habari. Mtu yeyote anaweza kwenda ku gari na kuuliza kama ni kweli.

Maoni ni fikara ya mtu juu ya jambo lile. "Wakubwa wa treni hawahurumii watu." Labda ni kweli, labda hapana, lakini huwezi kwenda kuipima kwa saa.

Gazeti lina haki ya kutoa maoni. Kuna hata sehemu yake: editoriali, ndiyo maandiko yenye kuonyesha msimamo wa gazeti lenyewe, na tribini huru, ambamo mtu wa inje anaandika kwa jina lake. Ubaya unaanza pale maoni yanapovaa nguo ya habari. Ukisoma "treni imechelewa tena kwa sababu ya wavivu", mwandishi amechanganya mchele na mawe katika sahani moja. Chagua mawe kwanza, kisha ule.

2. CHANZO

Chanzo ni mahali habari ilipotoka. Kuna aliyeona kwa macho yake. Kuna aliyeambiwa na mwenye kuona. Na kuna aliyesikia tu kwamba watu wanasema. Hao watatu hawana uzito moja, hata kama wote wanapiga kelele sawasawa.

Mara mingine mwandishi anaficha jina la chanzo. Anaandika "mutumishi moja wa kampani, ambaye hakutaka jina lake litajwe". Hiyo si uwongo. Mutumishi yule ana bibi na watoto, na akijulikana atafukuzwa kazi. Mwandishi wa kweli anajua jina, anajua mtu yule anatumika wapi, lakini anamulinda. Lakini habari nzito inayosimama juu ya chanzo kimoja tu, tena kisicho na jina, ni nyumba yenye nguzo moja. Ungoje kuona kama mwandishi mwingine ataongeza nguzo ya pili.

Mfano ni jambo lililotutia huzuni sisi sote wa inchi ya shaba. Tarehe 27 Juni 2019, karibu na Kolwezi, udongo uliwaangukia wachimbaji wa mikono katika shimo la KOV, kwenye shamba la Kamoto Copper Company. Siku ileile kampani Glencore ilisema wafu 19; gavana wa Lualaba alisema 36; kesho yake habari zilifikia 43. Watu waliuliza: "Nani anatudanganya?" Mtu anaweza kuhesabu miili aliyoiona tu, na mwengine anaweza kuwa amehesabu na wale walioletwa na jamaa zao. Udongo ukiendelea kufukuliwa, hesabu inapanda. Ndiyo maana wanasema "hesabu ya muda": maana yake, kazi haijaisha. Mwandishi muzuri anaandika hesabu pamoja na jina la yule aliyeitoa na saa aliyoitoa. Ukisikia hesabu bila mwenyewe, uliza: nani aliyehesabu? Na tusisahau kwamba kila namba ilikuwa mtoto wa mama fulani.

3. KICHWA CHA HABARI

Kichwa ni yale maneno makubwa ya juu. Mara mingi hakikuandikwa na yule aliyeandika habari yenyewe; mkubwa wa redaksio anakiweka, tena anataka gazeti liuzwe. Ndiyo maana kichwa kinaweza kusema "Watumishi 500 kufukuzwa!", na ndani, ku mistari ya mwisho, unasoma kwamba kampani "inafikiri" tu, na haijaamua kitu.

Uangalie alama ndogo. Alama ya kuuliza mwishoni mwa kichwa inaonyesha mara mingi kwamba mwandishi mwenyewe hana hakika. Na maneno "ingekuwa", "inasemekana", "labda" ni maneno ya kujikinga. Usiyaruke. Kijana anayesoma vichwa tu pale wauza magazeti wanapoyatandika chini, kisha anakwenda kuhubiri ku kartye, anauza nyama ambayo hakuipika.

4. KOMUNIKE NA TANGAZO

Komunike ni maneno ambayo serikali, kampani, sendika ao Kanisa inajiandikia yenyewe. Si kazi ya mwandishi wa habari. Kusoma komunike ku redio ni vizuri, lakini aliyeiandika alichagua kila neno kwa faida yake.

Wazee wetu wanakumbuka gazeti Mwana Shaba, lililoanzishwa na Union Minière ku 1957 na kuendelea wakati wa Gécamines. Lilileta mafundisho mengi, mupira, ndoa, habari za makambi. Lakini lilikuwa gazeti la kampani. Nani angetazamia kuona humo mashitaki makali juu ya kampani yenyewe? Ukijua gazeti ni la nani, unajua pia ni neno gani halitaandikwa humo.

Neno moja la komunike limebaki katika jamaa nyingi: "départ volontaire", maana yake kuondoka kazini kwa mapenzi ya mtu mwenyewe. Ku 2003 watumishi zaidi ya 10,000 wa Gécamines waliondoka kwa njia hiyo. Karatasi ilisema "kwa mapenzi". Lakini mtu aliyekwisha kukaa miezi mingi bila mushahara, watoto wamefukuzwa masomoni, mapenzi yake yalikuwa makubwa namna gani? Hatusemi kwamba neno lile lilikuwa uwongo kabisa. Kila mtu alitia mukono wake. Tunasema kwamba mwenye kuchagua neno amekwisha kutuambia tuangalie upande gani.

Tangazo ni jambo jingine tena: mtu analipa ili asifu kitu chake. Kuna pia tangazo lililoandikwa kama habari, lenye picha na maulizo na majibu. Kwa Kifaransa ni "publi-reportage", na gazeti lenye heshima linaliandika neno hilo juu ya ukurasa. Ukiona ukurasa muzima wa sifa bila shaka hata moja, tafuta neno lile pembeni. Kama halipo, ogopa.

5. KUPAJE

Wandikaji wenyewe wanalijua sana neno hili. Kwa Kifaransa ni "coupage". Ni feza ambayo mwenye sherehe, mwenye chama ao mwenye kampani anampa mwandishi aliyekuja kusikiliza, eti "ya transporti".

Tuseme kweli bila kuwahukumu watu. Wandikaji wengi wanapata mushahara mudogo, na wengine hawapati hata kidogo. Mwandishi ana njaa kama sisi. Lakini atakayekula ku meza ya mtu jioni, asubuhi ataandika nini juu yake? Na maskini asiye na bahasha, nani atakwenda kusikiliza kilio chake? Mama ambaye mto wake umeharibiwa na maji machafu ya kiwanda hana transporti ya kumupa mtu. Hapo ndipo feza ndogo inapofanya zambi kubwa: inanunua ukimya juu ya wadogo.

Basi sisi wakristu, kama tunaalika mwandishi ku sherehe ya parokia, tumpokee kwa chakula na heshima kama mugeni yeyote, lakini tusimununue. Na kama gazeti ni zuri, tulinunue, tusiliazime siku zote. Mwandishi anayelishwa na wasomaji wake hataomba bahasha.

6. REDIO TROTUARI

Hiyo ni redio isiyo na jengo wala umeme: watu wanasimama kando ya barabara na kupashana habari. Wakati wa chama kimoja, magazeti yalipoimba wimbo moja tu, redio trotuari ilisema mara mingi mambo ambayo wakubwa walificha. Tusiidharau bure. Lakini haina mkubwa wa kuulizwa, haina masahihisho, na kila mdomo unaongeza chumvi. Siku hizi imeingia ndani ya telefone, na inatembea mbio kuliko moto wa kiangazi. Sikilizeni mazungumuzo haya, kama tunavyoyasikia ku makambi:

— Mama, banasema kesho bataanza kulipa feza yote ya nyuma!

— Nani anasema, mwana?

— Bantu bote ba ku kartye.

— "Bote" hana jina. Wewe, nani alikuambia?

— Mutoto wa jirani.

— Na yeye?

— Alisikia ku soko.

— Basi kesho tutakula bukari na sombe kama siku zote. Siendi kukopa nyama juu ya feza ya ku soko.

Mama huyu hakusoma shule ya wandikaji, lakini alifanya kazi yao: alitafuta chanzo, hatua kwa hatua, mpaka akafika mahali njia inapokatika.

7. NENO LINALOUA

Hapa tusicheke tena. Ku Rwanda, tangu Julai 1993 mpaka 1994, redio RTLM iliwaita Watutsi "mende". Mende hana mama, mende anakanyagwa tu. Wakati wa mauaji ya 1994, redio ile ilitaja majina ya watu na mahali walipojificha. Ku 2003 tribunali ya Arusha iliwahukumu watu watatu, wawili waanzishaji wa redio hiyo na moja mwenye gazeti Kangura. Ku 2007, mu rufaa, azabu zilipunguzwa, lakini hatia haikufutwa yote.

Na sisi Katanga tusijioshe mikono. Ku 1992 na 1993 ndugu zetu wenye asili ya Kasai waliitwa "bilulu", maana yake wadudu. Kisha neno lile, nyumba zilichukuliwa, na maelfu ya jamaa zililala ku magari ya Likasi na Kolwezi wakingoja treni, na watoto walikufa palepale. Wengine walikuwa wamebatizwa pamoja nasi, ku kisima kilekile.

Kwa hiyo mujifunze alama hii: mahali popote, ku redio ao ku telefone, wanapoanza kuita kabila la watu kwa jina la nyama ao la mududu, hiyo si habari wala maoni tena. Ni kutayarisha damu. Usiipitishe. Zima. Na kama mtoto wako ameileta nyumbani, muketi naye chini.

8. HAKI YA KUJIBU

Kama gazeti ao redio imekutaja vibaya na kwa uwongo, haitakiwi kwenda kuvunja madirisha yao. Sheria ya 22 Juni 1996 juu ya uhuru wa magazeti iliandika haki ya kujibu, na sheria ya 13 Machi 2023, iliyoshika nafasi yake, inailinda vilevile. Maana yake: unaandika jibu lako kwa heshima, fupi, juu ya jambo lile tu, na gazeti linapashwa kulitoa. Kuna pia masahihisho, pale gazeti lenyewe linapokubali kwamba lilikosea. Watu wengi wanacheka gazeti lenye kutoa masahihisho. Sisi tunasema: hilo ndilo la kuaminiwa zaidi. Ni kama mtu anayekwenda kuungama.

JAMAA IFANYE NINI?

Kanisa halikimbii mambo haya. Ku 1963 Mtaguso wa Vatikano wa Pili ulitoa andiko Inter Mirifica juu ya vyombo vya habari, na tangu 1967 kuna siku moja kila mwaka ya kuombea kazi hiyo. Ku 2018 Papa Francis aliichagua habari za uwongo kuwa fundisho la siku hiyo. Na Kitabu cha Mezali (18:17) kinatuonya juu ya msemaji wa kwanza: tungoje tusikie na wa pili. Amri ya Mungu ya kutosingizia mwenzetu haikuandikwa kwa wandikaji tu. Mwenye kupitisha uwongo kwa kidole chake ku telefone, naye ameshuhudia uwongo.

Jioni, redio ikiisha kusema, baba ao mama aulize watoto: Tumesikia nini? Ni nani aliyesema? Aliona, ao aliambiwa? Upande wa pili umesikilizwa? Nani anapata faida tukiamini? Maulizo matano, dakika tano. Mtoto aliyezoea kuuliza hivyo hatabebwa na kila upepo, na siku watu watakapokuja kumupa panga ao jiwe juu ya jirani yake, atauliza kwanza: "Nani anasema?"

MAULIZO YA KUZUNGUMUZA KATIKA SHIRIKA

1. Mwezi huu, ni habari gani ilitutia woga ku kartye yetu, na mwishoe ilionekana si kweli? Ilitoka wapi?

2. Kuna majina ya kuzarau tunayoyatumia bado juu ya watu wa kabila ao wa jimbo lingine, hata kwa kucheka? Tutayaacha namna gani?

3. Kati ya vijana wetu, nani ana kipaji cha kuandika ao cha kusema ku redio? Tunaweza kumusaidia na nini?