Mwajiri akisamehewa NSSF, uliza makato yako yanakwenda wapi

HAPA Busia neno "msamaha" lina maana mbili, kutegemea uko upande gani wa mpaka. Kwa Kenya, waajiri wakubwa huuomba ili sehemu ya makato ya uzeeni isiende NSSF bali kwenye mfuko mwingine. Kwa Uganda, wenye maduka madogo walikuwa nao bila kuuomba, hadi ulipofutwa mwaka 2022.

Nianze na Kenya, kwani ndiko wengi waliorejea nyumbani walikofanyia kazi. Kwa miaka mingi mfanyakazi alikatwa Sh200 kwa mwezi na mwajiri akaongeza Sh200. Sheria ya 2013 ikataka kila mmoja atoe asilimia 6 ya mshahara, kwa kiwango chenye kikomo. Mahakamani kukajaa watu, wakiwamo waajiri wa mashamba ya chai, na sheria hiyo ikakwama mpaka Februari 2023, Mahakama ya Rufaa ilipoipa kibali. Mwaka 2024 Mahakama ya Juu iliirudisha kesi hiyo kwenye rufaa, lakini makato hayakusimama.

Mchango huo umegawanywa ngazi mbili. Ya kwanza haina msamaha, lazima iende NSSF. Ya pili ndiyo mwajiri anaweza kuomba, kwa mamlaka inayosimamia mifuko ya kustaafu, aipeleke kwenye mfuko binafsi uliosajiliwa. Chukua mtu aliyelipwa Sh20,000 katikati ya 2024. Alikatwa Sh1,200: Sh420 za ngazi ya kwanza na Sh780 za ngazi ya pili. Mwajiri naye alitoa kiasi hicho hicho. Kwa hiyo penye msamaha, Sh1,560 kila mwezi zilikwenda kwingine, na NSSF ikabaki na Sh840 tu.

Binafsi siwalaumu waajiri hao. Wengi walikuwa na mifuko yao kabla ya sheria, na baadhi inasimamiwa vizuri. Tatizo ni kwamba mfanyakazi haelezwi. Dereva mmoja aliyerudi kutoka Nairobi mwishoni mwa 2024 aliniletea karatasi zake za mshahara akilia kwamba ameibiwa, kwa kuwa zilionyesha makato mawili, moja la NSSF na jingine lenye jina asilolijua. Hakuwa ameibiwa. Jina hilo lilikuwa la mfuko binafsi, na ndiko sehemu kubwa ya akiba yake ilikolala. Angedai NSSF peke yake angeiacha huko.

Kwa hiyo wewe uliyerudi, tafuta karatasi zako kabla panya hawajazipata. Usitegemee namba ya NSSF pekee. Mwulize mwajiri wa zamani jina la mfuko na namba yako ya uanachama, akuandikie. Na kama aliomba msamaha lakini karatasi haionyeshi makato ya pili, hapo una haki ya kupiga kelele, maana msamaha hauondoi mchango, unabadilisha tu unakopelekwa.

Upande wa Uganda, sheria ya 1985 iliwabana waajiri wenye wafanyakazi watano au zaidi. Marekebisho ya 2022 yaliondoa idadi hiyo. Mwenye msaidizi mmoja anatakiwa kuandikishwa: mfanyakazi asilimia 5, mwajiri asilimia 10.

Mama mmoja muuza vitenge aliniambia wasaidizi wake watatu ni watoto wa dada yake, hivyo hawahesabiki. Nikamjibu kwamba sheria haiulizi undugu, inauliza mshahara. Tukapiga hesabu ya msichana anayelipwa Sh300,000 za Uganda: yeye Sh15,000, mama Sh30,000.

"Mwanangu, hiyo elfu thelathini ndiyo kodi ya stoo yangu," alisema.

Msichana aliyekuwa akikunja vitenge pembeni hakusema neno. Mama alipotoka kupokea mzigo, aliniuliza ofisi ya kujiandikisha iko wapi, na kama mtu anaweza kwenda bila shangazi yake kujua.