Mstari mnyoofu: maana ya neno, matumizi yake, na tahadhari kwa wahubiri



Kila mwaka, katika Dominika ya Pili ya Majilio, tunamsikia Yohane Mbatizaji akitutaka tunyooshe mapito ya Bwana. Kila mwaka pia homilia nyingi hutueleza kwamba mtu mnyoofu ni mtu mwema, na maelezo huishia hapo. Lakini neno hili ni la hesabu, la mafundi na la wakulima kabla ya kuwa neno la mimbari, na anayelijua katika kazi zake za kwanza atalihubiri vizuri zaidi. Katika makala hii tutaangalia asili yake, maana yake katika jometri, matumizi yake katika ujenzi na mashamba, kisha katika Maandiko Matakatifu. Mifano mingi tutaichukua Kibiti na delta ya Rufiji. Huko neno hili hugusa miti, kuta na mipaka ya mashamba, na kulikosea kunaweza kumgharimu mtu chakula chake.

1. Asili ya neno

Kivumishi *-nyoofu* kimetokana na kitenzi *nyooka*, kama *-kunjufu* kilivyotokana na *kunjuka*. Kitenzi *nyoosha* maana yake ni kufanya kitu kinyooke, na hali yenyewe huitwa *unyoofu*. Tunasema mstari mnyoofu, njia nyoofu, kijiti kinyoofu, maneno manyoofu.

Kuhusu tahajia, Kiswahili sanifu cha leo huandika *o* mbili. Biblia za zamani huandika *nyofu* na *nyosha* kwa *o* moja. Ni neno lile lile, msomaji wa Misa asibabaike. Hata hivyo *o* mbili zina faida: zinatenganisha *nyooka* na *nyoka*, yule mnyama asiyekwenda kwa mstari mnyoofu hata kidogo.

Neno *mstari* limetoka katika Kiarabu, *mistara*, yaani chombo cha kupigia mistari. Wengi hudhani *mstatili* ni mtoto wa *mstari*, kwa kuwa yanafanana sikioni. Sivyo. Mstatili umetoka katika *mustatil*, lenye shina moja na *tawil*, yaani refu. Mstatili ni umbo lililorefushwa.

Jambo la kushika hapa ni kwamba *-nyoofu* limezaliwa na kitenzi. Lugha yenyewe inatudokeza kwamba unyoofu hufanyika, na mara nyingi kuna mkono ulionyoosha.

2. Maana katika jometri

Euclid, aliyefundisha Aleksandria yapata mwaka 300 kabla ya Kristo, aliweka msingi huu mwanzoni kabisa mwa kitabu chake cha jometri: kutoka nukta yoyote hadi nukta nyingine yoyote inawezekana kuchora mstari mnyoofu. Nukta mbili zinatosha. Ukishazijua, mstari mnyoofu unaopita kati yake ni mmoja tu.

Wanafunzi wetu huchanganya maneno manne, na wahubiri huchanganya vilevile:

*Mnyoofu*: mstari usiopinda, uelekee popote.

*Wima*: uliosimama, kama nguzo iliyochomekwa sawasawa.

*Mlalo*: uliolala, kama uso wa maji yaliyotulia.

*Mshazari*: ulioinama, si wima wala mlalo.

Mstari mshazari nao ni mnyoofu. Ngazi iliyoegemezwa ukutani imenyooka, ila haikusimama wima. Unyoofu hutuambia kwamba mstari haubadiliki njiani. Hautuambii kama unaelekea panapostahili. Tuliweke akilini, tutalihitaji mbele.

3. Uzi, timazi na boriti

Mtazame fundi anayeanza msingi wa nyumba pale Kibiti mjini. Hupigilia vigingi viwili, akafunga uzi kati yake na kuukaza. Uzi uliofungwa upande mmoja tu hulegea na kufuata upepo. Kona huipata kwa kupima tatu, nne, tano: futi tatu upande huu, nne upande ule, na kati ya ncha hizo mbili zikipatikana tano kamili, kona ni pembe mraba.

Ukuta unapopanda, fundi huongeza timazi, yaani uzi wenye kitu kizito mwishoni. Kwa nini, na uzi wa kwanza bado upo? Kwa sababu uzi uliokazwa unapima unyoofu, na timazi inapima wima. Ukuta unaweza kuwa mnyoofu kutoka kona hadi kona na bado ukawa umelala upande mmoja. Ukiuangalia kwa urefu utausifu. Mvua kubwa ikija utaanguka, tena utaanguka wote kwa pamoja kwa kuwa umeinama wote kwa pamoja.

Sasa tutoke Kibiti mjini twende mashariki, kwenye delta, ambako Rufiji inagawanyika mikono mingi kabla ya kuingia baharini mbele ya Mafia. Hapo upo msitu mkubwa wa mikoko kuliko yote nchini Tanzania. Kwa karne nyingi majahazi yalibeba boriti kutoka humo kwenda Unguja, Arabuni na Ghuba. Leo mikoko inalindwa na sheria na haikatwi bila kibali, lakini kazi ya boriti za mikoko bado inaonekana. Ingia katika nyumba ya zamani ya mawe Mji Mkongwe, Unguja. Vyumba ni virefu na vyembamba, upana wake mara nyingi ni kati ya mita mbili na nusu na tatu. Dari hubebwa na boriti kutoka ukuta hadi ukuta, na chumba hakiwezi kuwa kipana kuliko boriti inavyoweza kufika. Mti mnyoofu wa tope za pwani ndio uliopanga vipimo vya sebule za matajiri.

Je, mti uliopinda hutupwa? Waulize waunda majahazi. Kwa mataruma, zile mbavu zinazoshika mbao za ubavuni, hutafuta mti uliopinda wenyewe tangu ukiwa msituni. Mti mnyoofu hapo haufai. Kupinda kwenyewe, basi, si dhambi. Mto Rufiji nao hupinda, na katika mapindi yake huacha udongo unaolisha mpunga. Ukivuka Daraja la Mkapa, lililofunguliwa mwaka 2003 mahali ambapo zamani magari yalingoja pantoni ya Ndundu, utaona mstari mnyoofu wa karibu kilomita moja ukikatiza juu ya mto usionyooka. Vyote viwili vina kazi yake.

4. Mstari mnyoofu mahali pasipo pake

Hapa tunafika kwenye jambo zito. Mafuriko ya Aprili 2024 yalifunika makazi na mashamba katika wilaya za Rufiji na Kibiti. Maji makubwa ya namna hiyo yakipungua, huwa yamefuta pia alama ambazo majirani walizitegemea: mti, kichuguu, mfereji mdogo, tuta la zamani. Ndipo husikika maneno haya: "Tunyooshe mpaka." Yanasikika mema. Mpaka uliopindapinda una usumbufu, mstari mnyoofu ni rahisi kuukumbuka. Lakini nani anachagua zile nukta mbili? Vigingi vikisogezwa hatua kumi ndani ya shamba la mjane, uzi utakazwa vizuri, mstari utakuwa mnyoofu kabisa mbele ya macho ya wote, na mjane atakuwa amepoteza mavuno yake.

Kumbukumbu la Torati linakataza kuondoa alama ya mpaka ya jirani (19:14), na linamtaja mwenye kufanya hivyo kati ya waliolaaniwa (27:17). Halisemi lolote kuhusu mpaka kuwa mnyoofu au kupinda. Linauliza kama ni ule ule. Padre au katekista anayeitwa kuwa shahidi wa upimaji, asitazame uzi tu. Atazame vigingi, na aulize kabla uzi haujakazwa nani hayupo hapo.

5. Neno katika Maandiko na katika Kanisa

Mwinjili Luka anatumia neno moja la Kigiriki, *euthys*, mahali pengi. Analitumia kwa mapito ya Bwana ambayo Yohane anataka yanyooshwe (Lk 3:4). Katika Matendo ya Mitume analitumia kwa moyo wa Simoni mchawi, ambao Petro anasema si mnyoofu (8:21), na kwa njia za Bwana ambazo Elima mchawi alizipotosha (13:10). Na kati ya hizo mbili analitumia kwa barabara halisi: ile ya Damasko iitwayo Nyofu (9:11), ambayo hadi leo inaukata mji wa kale kutoka mashariki hadi magharibi.

Tumwangalie Sauli. Alitoka Yerusalemu akiwa na barua mkononi, nukta moja nyuma yake na nukta ya pili mbele yake, wala hakuyumba. Kwa maana ya jometri, nani mnyoofu kuliko yeye? Ila mstari wake ulikuwa wa kuwafunga watu wa Kristo. Bwana alimwangusha kwanza, kisha akaongozwa kwa mkono, kipofu, hadi nyumba ya Yuda katika Njia Nyofu. Huko akapewa nukta nyingine ya kufungia uzi wa maisha yake.

Nabii Amosi naye alimwona Bwana akiwa na timazi mkononi katikati ya watu wake (Am 7:7-8). Ilikuwa timazi, kipimo cha wima. Israeli ilikuwa na ibada zilizopangwa vizuri, mistari minyoofu, huku maskini wakiuzwa. Ukuta ulinyooka na ukuta uliinama.

Mtakatifu Augustino, katika maelezo yake ya Zaburi, anafafanua wanyoofu wa moyo kwa mfano ambao fundi yeyote wa Rufiji angeuelewa. Mti uliopotoka, ukiulaza juu ya sakafu iliyo sawa, hautulii, utayumba daima. Kosa si la sakafu. Ndivyo alivyo mtu anayetaka kuyapinda mapenzi ya Mungu yafuate moyo wake, badala ya kuunyoosha moyo wake ufuate mapenzi ya Mungu.

Lugha ya Kanisa imejaa ndugu wa neno hili. *Kanon* ya Kigiriki ni fimbo nyoofu ya kupimia. Kutoka hapo tuna kanoni ya Maandiko na Sheria Kanoni, na kwa kupitia Kiarabu tuna *kanuni*, hata Kanuni ya Imani. *Regula* ya Kilatini imetupa rula ya darasani na pia kanuni ya Mtakatifu Benedikto. Hata cheo cha Gambera wetu, kwa Kilatini *rector*, kina shina moja na *rectus*, nyoofu. Majirani zetu Waislamu, walio wengi Kibiti na Rufiji, huomba Njia Iliyonyooka katika kila swala, wakiwa wamesimama katika safu zilizonyooka. Tunapozungumza nao habari ya haki katika mipaka, neno la kuanzia tunalo tayari.

6. Matumizi ya mitaani, na onyo

Mitaani tunasema "nyoosha maelezo", yaani sema wazi. "Mambo yamenyooka", yaani yamefanikiwa. Nguo hunyooshwa kwa pasi. Mkono hunyooshwa darasani. Yote haya ni halali.

Lakini yapo matumizi mengine: "Huyu nitamnyoosha", yaani nitamwadhibu mpaka akome. Tuliosoma bweni tunalijua neno hilo na fimbo yake. Mseminari wa leo ni paroko wa kesho, naye atakuwa na watu chini yake. Inafaa akumbuke yule mwanamke aliyepinda mgongo miaka 18 (Lk 13:10-13). Kitenzi ambacho Luka anatumia kusema kwamba alinyooka kina ndani yake neno *orthos*, nyoofu, na kilichomnyoosha ni mikono ya Yesu iliyowekwa juu yake. Waliokasirika siku ile walikuwa watu wa sheria nyoofu, waliotaka abaki amepinda hadi Sabato ipite.

Hitimisho

Basi, ukiandika barua ya kumpendekeza mtu, usiandike "ni mnyoofu" ukaweka nukta. Eleza uzi wake umefungwa wapi. Ukihubiri Majilio, waambie waamini kwamba mapito hunyooshwa kwa vigingi viwili, na kwamba kigingi cha kwanza si chetu kukipigilia. Na jioni, katika kutafiti dhamiri, tusiulize tu kama leo hatukuyumba. Tuchukue timazi, tuuweke ukuta wetu mbele yake, na tumwachie yeye ashikaye uzi atuambie kama umesimama.