Barabara ya Mombasa hadi Malindi: utalii wa siku moja unavyouzwa, na fedha zinapoishia

Si kila mgeni anayeshuka Mombasa anakwenda Tsavo kutafuta ndovu. Safari ya mbugani hunoga zaidi ukilala huko angalau usiku mmoja, na inataka mfuko uwe umeshiba. Aliye na siku moja tu, awe abiria wa meli ya kitalii iliyotia nanga asubuhi na itakayong'oa jioni, awe mjumbe aliyemaliza mkutano wake, au familia ya Nairobi iliyoteremka kwa treni ya SGR, huuziwa barabara ya kaskazini. Ni kilomita 120 hivi hadi Malindi. Njiani kuna Jumba la Mtwana na misikiti yake ya karne ya 14 ufuoni, kuna kaburi la mnara pale Mnarani juu ya hori la Kilifi, kuna mji mzima wa mawe uliomezwa na msitu huko Gede, kuna mikoko ya Mida, kisha Malindi yenyewe na kanisa dogo la Wareno na nguzo ya Vasco da Gama. Dini, bahari na mambo ya kale, vyote kwa gari moja kati ya alfajiri na magharibi.

Zamani ziara hii iliuzwa kwa mabasi makubwa ya mahoteli. Siku hizi soko limehamia kwenye kundi dogo, watu sita hadi wanane ndani ya van, na sababu ni hesabu kwanza kabla ya kuwa starehe. Gharama nyingi za siku hazijali idadi ya abiria. Ujira wa dereva ni uleule, bima ni ileile, mafuta hayabadiliki sana, gari likibeba wawili au wanane. Tuseme, kwa mfano tu, vitu hivyo pamoja na uchakavu wa gari vinafika shilingi 24,000 kwa siku. Wageni wawili watabeba 12,000 kila mmoja, na bado hawajalipia kiingilio wala chakula. Wakiwa sita, mzigo unashuka hadi 4,000. Wakiwa wanane, 3,000. Ndiyo maana mwenye gari hushinda kwenye simu jioni nzima akitafuta mtu wa nane, na ndiyo maana kampuni ndogo ambazo mchana zinashindana, usiku hupeana wageni. Kiti kilichoondoka kitupu asubuhi hakiuziki tena.

Kwa hesabu hiyo peke yake, basi la watu 40 lingeshinda. Halishindi kwa sababu bidhaa inayouzwa hapa si usafiri. Ukuta wa mawe ya matumbawe haumwambii mgeni lolote mpaka mtu asimame mbele yake aeleze, na sauti ya mtu mmoja huwatosha wanane, haiwatoshi 40 waliotawanyika kwenye vijia vya msituni. Mgeni aliyesikia vizuri huandika sifa kwenye mtandao. Aliyekuwa nyuma ya msururu huandika kwamba aliona magofu akachoka na jua. Katika biashara ambayo mteja wa kesho husoma aliyoandika mteja wa jana, hilo ni suala la kuishi au kufunga duka.

Sasa tuitazame fedha inavyogawanyika, kwa sababu hapo ndipo penye uchungu. Mgeni hufika kwa mwenye gari kupitia mlango wa mtu mwingine: meza ya watalii hotelini, kijana wa ufuoni aliyempata akiota jua, au majukwaa ya mtandaoni kama GetYourGuide na Viator. Kila mlango una kamisheni yake, na kwenye majukwaa hayo kiwango cha kawaida huwa kati ya asilimia 20 na 30 ya bei. Tiketi ya shilingi 10,000 ikikatwa robo, 2,500 zimekwenda kabla tairi halijazunguka. Majukwaa hayo hayaibi. Yanamfikia mteja wa Milan au Manchester ambaye mwenye van ya Bamburi hawezi kumfikia kwa nguvu zake. Lakini bei ya mwisho haipandi, maana jirani naye anauza ziara ileile. Kinachobaki ni kubana ndani, na vinavyobanwa kila mara ni viwili: mwongozaji na muda.

Kumbana mwongozaji hufanyika hivi. Dereva huambiwa awe dereva na mwongozaji kwa pamoja, bila nyongeza ya maana. Ujira ukiwa mdogo, naye hutafuta riziki yake njiani, kwenye duka la vinyago linalompa chochote kwa kila mgeni anayenunua, na kwenye hoteli ya chakula cha mchana inayomlisha bure. Saa moja ya Gede inageuka dakika 35, kisha dakika 40 zinatumika dukani. Simlaumu dereva. Mfumo umemlipa aendeshe gari na aongoze watu kwenye maduka, na kazi hizo anazifanya vizuri.

Hasara yake huonekana hasa Gede. Mji huo ulianza kujengwa kiasi cha karne ya 12, ukanawiri karne ya 15, ukahamwa karne ya 17. Una msikiti mkuu, jumba la mtawala, nyumba zenye visima na vyoo, kuta za kuzunguka mji, na kaburi lililoandikwa mwaka 802 wa Hijria, sawa na 1399. James Kirkman, aliyefukua hapo kuanzia 1948, alikuta vyombo vya kauri kutoka China na shanga za kioo kutoka Venice, ilhali mji wenyewe haupo hata ufuoni. Bahari iko kilomita kadhaa. Wareno walikaa Malindi, mwendo wa saa chache kwa miguu, kwa sehemu kubwa ya karne ya 16, na maandishi yao hayautaji mji huu kwa jina hili. Watu wenye bidhaa za China majumbani mwao waliishije bila jirani yao mwenye kalamu kuwataja? Hilo ni swali la kumshikilia mgeni saa mbili akiwa ameduwaa, kama yupo wa kumuuliza. Asipokuwepo, mgeni hupiga picha ya kima aliyekaa juu ya ukuta, akarudi garini.

Mwezi Julai 2024 UNESCO iliuingiza Gede kwenye orodha ya Urithi wa Dunia, wa nane kwa Kenya. Kwa mwenye biashara hiyo ni tangazo la bure la kimataifa, na kila anayeuza ziara ya kaskazini ameshalibandika jina hilo kwenye kurasa zake. Inavyopaswa, sifa ikipanda, muda wa mgeni mahali pale nao upande. Bado sijaona ratiba nyingi zilizobadilika. Kiingilio hulipwa kwa eCitizen, mfumo wa serikali wa malipo ya mtandaoni, raia wa Kenya akitozwa kidogo kuliko mgeni wa ng'ambo, na fedha huingia serikalini kupitia Makumbusho ya Taifa. Ni sawa hesabu zikawa wazi. Ila kijiji kinachozunguka magofu hakipati riziki kwa kiingilio. Kinapata kwa mwongozaji wa palepale aliyekodiwa, kwa madafu yaliyonunuliwa, kwa mama aliyeuza mahamri, na vyote hivyo vinategemea gari kusimama kwa muda wa kutosha.

Mfano wa kufanya vizuri hauko mbali. Langoni mwa Gede upo mradi wa Kipepeo, ulioanza 1993, ambapo wakulima wanaopakana na msitu wa Arabuko-Sokoke hufuga viwavi na kuuza mabundo (pupa) kwa maonyesho ya vipepeo nje ya nchi. Mgeni hulipa kidogo kuona, na mkulima anakuwa na sababu ya kuutaka msitu uwe hai. Mida nako kuna daraja la mbao linaloning'inia juu ya mikoko. Ada ya kupita humo huchangia karo za sekondari za watoto wa vijiji vya jirani kupitia mpango wa ASSETS. Van ya watu wanane ikisimama hapo nusu saa, kuna mwanafunzi aliyefaidika. Ni vituo vifupi, vya bei nafuu, na wageni huvikumbuka kuliko duka lolote la vinyago.

Cha pili kinachobanwa ni muda, na adui wake mkubwa ni barabara. Kwenye ramani kilomita 120 ni mwendo mfupi. Kwenye lami, ukihesabu msongamano wa Mtwapa na kazi za upanuzi, kwenda na kurudi hula saa tano au sita. Upanuzi huo ni sehemu ya mradi mkubwa wa barabara ya Bagamoyo, Horohoro, Lunga Lunga hadi Malindi, ambao Benki ya Maendeleo ya Afrika iliidhinisha mkopo wake mwaka 2019. Ukikamilika wote, kampuni za Mombasa zitaweza kuuza Tanga kama zinavyouza Malindi. Kwa sasa, anayemwahidi mgeni vituo sita kwa siku moja anamuuzia dirisha la gari.

Vituo vitatu vinatosha. Gari litoke saa kumi na mbili asubuhi, lifike Gede jua likiwa bado la upole, likae saa mbili. Malindi ipewe mchana: Msikiti wa Ijumaa na makaburi yake ya minara, kanisa ambalo Francis Xavier alipita mwaka 1542 akielekea India, nguzo iliyopewa jina la Vasco da Gama aliyefika mji huu Aprili 1498, na sahani ya wali kwa samaki wa kupaka. Siku ya Ijumaa mpangilio ugeuzwe ili wageni wasifike msikitini wakati wa swala, na kila gari libebe leso mbili tatu za kuwastiri waliovaa nguo fupi. Wakirudi, wasimame Jumba la Mtwana jua likishuka, msikiti wake wa ufuoni ukitazama bahari hatua chache mbele yake. Mnarani na Mida zibaki kwa siku nyingine au kwa kundi lililoziomba.

Malindi ina soko lake ambalo Mombasa haina. Waitaliano walianza kuujua mji huo tangu miaka ya 1960 kupitia kituo cha anga cha San Marco pale Ngomeni, ambako setilaiti ya Uhuru ilirushwa Desemba 1970. Hadi leo vijana wa ufuoni huko huzungumza Kiitaliano cha kujadiliana bei bila kusitasita. Ujuzi huo wa lugha ni mtaji, na ungekuwa mtaji mkubwa zaidi kama wangepewa njia rahisi ya kusoma historia ya mji wao na kupata leseni ya kuongoza. Sheria ya Utalii ya 2011 inataka anayeongoza wageni awe na kibali, na hiyo ni haki kwa usalama wa mgeni. Lakini darasa liko wapi? Chuo cha Utalii cha Ronald Ngala kule Vipingo, kando ya barabara hiihii, ujenzi wake ulikwama na kuanza tena kwa zaidi ya miaka kumi. Kizazi kizima cha vijana wa Kilifi kimepita hapo kikitazama majengo.

Msimu nao una kauli yake. Kaskazi ikivuma, Desemba hadi Machi, magari hayatoshi. Masika ikishika, Aprili hadi Juni, baadhi ya hoteli hufunga na van hukaa chini ya mwembe. Walionusurika miezi hiyo ni wale waliojifunza kumuuzia Mkenya: vikundi vya chama, walimu wa historia na wanafunzi wao, vijana wa misikiti na makanisa wanaotaka kuona walikopita waliowatangulia. Bei yao ni ya chini, ila wanajaza gari, hawana kamisheni ya jukwaa, na wakipendezwa hurudi na jamaa zao.

Serikali ya Kaunti ya Kilifi na Makumbusho ya Taifa waweke darasa la jioni la waongozaji Gede na Malindi, lenye mtihani na leseni mwishoni. Wenye kampuni wamtenge mwongozaji na dereva, wamlipe kila mmoja kwa kazi yake, na gharama hiyo waiandike wazi kwenye tiketi. Nawe msomaji unayepanga likizo, kabla hujalipa muulize muuzaji mambo matatu: tutakaa Gede kwa muda gani, nani atatuongoza, na leseni yake iko wapi. Akisitasita, tafuta mwingine.