Kaktasi ya Jacobs na namba za mfukoni

Aliyezoea mfuko wa mbolea ya 17-17-17 kule Kenya, akiingia duka la bustani hapa Durban na kukuta 3:1:5 (26), atadhani anauziwa maji. Sivyo. Afrika Kusini, namba tatu za mwanzo ni uwiano wa naitrojeni, fosforasi na potasiamu. Ile ya kwenye mabano ni asilimia ya vyote vitatu kwa jumla. Gawa 26 kwa 9 (3+1+5), kisha zidisha kwa kila namba: naitrojeni inakaribia asilimia 8.7, fosforasi 2.9, potasiamu 14.4. Tena huku fosforasi na potasiamu hupimwa zenyewe, ilhali mfuko wa Kenya huzipima zikiwa na oksijeni yake. Ile 17 ya fosforasi, kwa kipimo cha huku, ni kama 7.4 tu.

Kwa kaktasi ningechukua 3:1:5. Naitrojeni ikizidi, mmea hujaa maji na kulainika, na Jacobs, mtaa wa viwanda kusini mwa bandari, haukosi unyevu wa bahari majira ya joto. Shina laini katika hewa ile huoza upesi. Kwa hiyo mbolea ya LAN, yenye naitrojeni asilimia 28, iachie nyasi za uani. Hata 2:3:2 (22) hainivutii: fosforasi yote hiyo ya nini kwa mmea unaokua taratibu?

Wengi hukosea msimu, maana miongozo ya Ulaya husema anza Aprili, na Aprili huku baridi inakaribia. Lisha Septemba hadi Februari. Juni hadi Agosti usitie kitu. Mbolea ya kuyeyusha itie nusu ya kipimo cha lebo, mara moja kwa mwezi, udongo ukiwa tayari na unyevu. Ukiona ukoko mweupe juu ya udongo, hizo ni chumvi za mbolea: mwagia maji matupu mengi mpaka yatoke chini ya chungu. Kaktasi iliyohamishwa chungu karibuni ipe mwezi mzima mizizi ipone.

Jingine ni la kisheria. Cereus jamacaru, ile ndefu inayochanua usiku, pamoja na aina kadhaa za Opuntia, zimo katika orodha ya mimea vamizi ya Afrika Kusini, kundi la 1b: ni lazima zidhibitiwe, na ni marufuku kuziotesha au kuziuza. Ukiwa nayo uani, suala si mbolea gani bali namna ya kuiondoa.