Tairi namba 28 siyo saizi ya baiskeli: pima mguu wa mteja kabla hujapakia mzigo

Leo naongea na wale tunaouza baiskeli kwenye status na kwenye magrupu. Mzigo tunautuma kwa basi, mteja anaiona baiskeli kwa macho siku anayoishusha stendi. Mimi niko Biharamulo mjini, na wateja wangu wengi wako upande wa Ngara. Ikikosea saizi, hakuna cha kusema "rudi kesho nikubadilishie". Ni nauli ya mzigo kwenda, nauli ya mzigo kurudi, na mteja umempoteza.

Nilijifunza kwa hasara. Mzee mmoja wa Rulenge, msomba ndizi, aliniandikia: "Kijana wangu, nataka namba 28, ile nyeusi ngumu." Nilikuwa nayo. Nikapiga picha tatu, tukaelewana bei, akatuma hela, nikapakia. Sikumuuliza kitu kingine chochote. Wiki haijaisha akanipigia. Alikuwa anapanda kilima na mkungu kwenye keria, baiskeli ikamshinda nguvu, akataka kusimama. Mguu haukufika chini. Akaangukia ubavu, mkungu ukamlalia mguuni. Namshukuru Mungu hakuvunjika, ila alikaa ndani siku kadhaa bila kufanya kazi. Akaniambia kwa upole kabisa, "Baiskeli yako ni nzuri, lakini ilitengenezewa mtu mwingine." Nilirudisha hela yake na nauli zote mbili nikalipa mimi. Lakini zile siku alizolala bila kazi sikuweza kumrudishia.

Kosa langu lilikuwa hili hapa: 28 ni saizi ya tairi. Angalia ubavuni mwa tairi la hizi nyeusi utakuta imeandikwa 28 x 1½. Namba hiyo inamsaidia fundi ajue anunue tairi gani na ringi gani. Kuhusu mguu wa mwendeshaji haisemi kitu. Saizi ya mtu iko kwenye fremu, na tairi moja inaweza kukaa kwenye fremu tofauti. Raleigh ya Uingereza, kwa mfano, iliuza hizi nyeusi za 28 kwa fremu ya inchi 22 na ya inchi 24. Ukiziegemeza ukutani kwa mbali zinafanana. Tofauti ni inchi 2, yaani sentimita 5 hivi, na hizo tano ndizo zinazoamua kama mtu anasimama kwa unyayo au kwa ncha za vidole.

Fremu inapimwa hivi. Shika lile bomba linalosimama, ambalo juu yake ndiyo siti imechomekwa. Anzia katikati ya ekseli ya pedeli, panda nalo mpaka mwisho wake wa juu, pale penye nati ya kubana siti. Usiihesabu ile nguzo ya siti inayotoka na kuingia. Ukipata sentimita 56, hiyo ni fremu ya inchi 22. Mitumba ya Ulaya mara nyingi imeandikwa kwa sentimita, zile za milimani huwa kwa inchi, au herufi S, M, L tu. Herufi usiziamini sana maana kila kiwanda kina M yake. Pima mwenyewe.

Sasa mteja. Wengi tunauliza "una urefu gani?" na mteja anajibu kwa kukisia. Hata asipokisia, urefu wa mtu haukwambii mguu wake. Nina wateja wawili, mtu na mdogo wake, ukiwasimamisha pamoja mabega yanalingana, lakini mmoja ana kiwiliwili kirefu na mwenzake ana miguu mirefu. Baiskeli moja haiwafai wote wawili. Unachohitaji ni urefu wa mguu kwa ndani, kutoka msambani mpaka chini sakafuni. Na usichukue kipimo cha suruali kutoka kwa fundi nguo, maana suruali inaishia kwenye kifundo na haibani juu. Itakupa namba ndogo kuliko mguu wenyewe.

Mimi namwelekeza mteja kwa sauti ya WhatsApp, dakika moja inatosha. Avue viatu, asimame mgongo ukutani, miguu iachane kidogo. Achukue daftari gumu, aliweke katikati ya mapaja, uti wa daftari uangalie juu, alipandishe mpaka likaze kama anavyokalia siti. Ukingo mmoja uguse ukuta. Aweke alama ya penseli pale uti ulipofika, kisha apime kutoka alama hadi sakafuni. Arudie mara mbili. Kama mteja ni mama au dada, mwambie atapima mwenyewe nyumbani na akutumie namba tu. Usimwombe picha. Kuna muuzaji aliomba picha kwenye grupu na mpaka leo anatetwa.

Namba ikija, kitu cha kwanza ninachoangalia ni kimo cha bomba la juu, lile tunalowapakia watoto. Pima kutoka ardhini mpaka juu ya bomba, katikati, pale mtu anaposimama akiwa ameshuka kwenye siti. Kimo hicho lazima kiwe kidogo kuliko mguu wake. Kwa baiskeli ya kutembelea barabara ya lami, nafasi ya sentimita 2 au 3 inatosha. Kwa barabara ya vumbi au baiskeli ya milimani nataka 5 na kuendelea. Na kwa mtu wa mzigo huku kwetu nakazania hiyo 5 hata kama baiskeli ni ya kawaida. Ngara ni milima, kila mtu anajua, unashuka na kusukuma mara nyingi kuliko unavyopiga pedeli. Ukiwa na madumu ya maji nyuma, baiskeli inakuvuta upande, lazima unyayo wote uwe chini. Mzee wangu wa Rulenge nilikuja kumpima baadaye: mguu wake ulikuwa sentimita 78. Ile baiskeli bomba lake lilikuwa 86. Hesabu hiyo hata mtoto wa darasa la pili angenikataza.

Cha pili ni fremu yenyewe. Kuna hesabu ya haraka: chukua mguu kwa sentimita, zidisha kwa 0.65 kwa baiskeli za kawaida na za barabarani. Mguu wa 80 unakupa 52, kama inchi 20 na nusu. Za milimani zidisha kwa 0.57, mguu huohuo unakupa 45 na kitu, yaani inchi 18. Hiyo ni sehemu ya kuanzia tu, siyo sheria. Bomba likikataa, hesabu haina maneno.

Baiskeli za kike zina bomba lililoinama, kwa hiyo mtu yeyote anaweza kusimama juu yake. Hapo wauzaji tunajisahau, tunasema "hii inamfaa kila mtu". Haimfai. Bado ile siti ikishushwa mpaka mwisho inaweza kuwa juu mno kwa mama mfupi, na mitumba mikubwa ya Ulaya iko hivyo kabisa. Pima kutoka ardhini mpaka juu ya siti ikiwa chini kabisa, halafu ikiwa juu kabisa, uandike namba zote mbili. Huo wa juu kabisa usizidi alama iliyochorwa kwenye nguzo ya siti. Nguzo nyingine alama imefutika, basi hakikisha angalau upana wa vidole vinne umebaki ndani ya bomba, la sivyo siku moja itapinda au itapasua fremu.

Siti nzuri mteja anaijua hivi: akae, aegemee ukuta, aweke kisigino kwenye pedeli iliyo chini kabisa. Mguu unyooke bila kiuno kuinama upande. Akihamishia sehemu ya mbele ya unyayo kwenye pedeli, goti linabaki limekunjika kidogo. Magoti yakimuuma kwa mbele baada ya safari, mara nyingi siti iko chini sana. Hii nawatumia hata waliokwisha kununua, inapunguza malalamiko ambayo wala siyo ya fremu.

Halafu kuna urefu wa kwenda mbele, kutoka siti mpaka usukani. Hapa sina hesabu ya kukupa. Mteja akishika usukani viwiko vikunjike kidogo. Vikinyooka kama fimbo, mabega na shingo vitamsumbua. Kwa mtu mfupi wa kiwiliwili chukua fremu fupi, usidanganyike kwamba kusogeza siti mbele kutatibu kila kitu.

Mteja akiwa katikati ya saizi mbili, mimi nampa ndogo. Siti inapanda, usukani unapanda kidogo, lakini bomba la juu hakuna fundi wa kulishusha. Na baiskeli ya nyumba moja, baba anaenda nayo shambani na mama anaenda nayo gulioni, chagua kwa mguu mfupi kuliko yote. Mwenye mguu mrefu atapandisha siti.

Siku hizi tangazo langu halina "namba 28 kali sana". Naandika hivi: tairi 28, fremu inchi 22, bomba la juu sentimita 82 kutoka chini, siti kuanzia 88 mpaka 98. Na picha moja lazima ionyeshe tepu imesimamishwa kwenye bomba, namba isomeke. Mteja akisema "nataka", namjibu kwanza: "Sawa mkuu, nitumie urefu wa mguu kwa ndani kabla hujatuma hela. Ukinipa kipimo na baiskeli isikae, nauli ya kurudisha ni yangu. Ukikataa kupima, nauli ni yako." Meseji hiyo naiacha kwenye simu, siifuti. Wapo wanaonuna na kwenda kwa muuzaji mwingine. Wengi wanapima.