Wigan walibeba Kombe la FA, siku tatu baadaye wakashuka daraja. Wewe ungekubali?

MWAKA 1960, kwenye fainali ya Kombe la FA pale Wembley, beki wa Blackburn Rovers, Dave Whelan, alivunjika mguu dakika chache kabla ya mapumziko. Enzi hizo hakukuwa na cha mchezaji wa akiba. Ukiumia, umeumia, wenzako wanamaliza pungufu. Blackburn walibaki 10 uwanjani na Wolves wakawapiga 3-0. Whelan hakurudi tena kwenye kiwango chake.

Miaka 53 baadaye, Mei 11, 2013, mzee huyo huyo alirudi Wembley akiwa mbele ya timu nyingine. Safari hii alikuwa mwenyekiti na mmiliki wa Wigan Athletic, klabu aliyoinunua ikiwa chini kabisa kwenye madaraja ya ligi, na alikuwa ndiye anayewaongoza vijana wake kuingia uwanjani kucheza fainali. Mbele yao walikuwa Manchester City ya Sergio Aguero, David Silva na Yaya Toure, timu iliyokuwa imebeba Ligi Kuu ya England mwaka mmoja nyuma.

Kila mtu alijua City wangeshinda. Mpira ukapigwa, dakika zikayoyoma, bao hakuna. Dakika ya 84 Pablo Zabaleta wa City akalambwa kadi nyekundu. Kisha dakika ya 91 Shaun Maloney akachonga kona, na Ben Watson, kiungo aliyeingia akitokea benchi, akaruka na kuupiga kichwa mpira ukatinga nyavuni. Watson naye alikuwa ametoka kupona mguu uliovunjika Novemba ya msimu huo huo. Wigan 1, City 0.

Siku mbili baadaye City wakamtimua kocha wao, Roberto Mancini. Siku tatu baada ya fainali, Wigan wakaenda kwa Arsenal, wakala 4-1 na kushuka daraja. Hakuna klabu iliyowahi kubeba Kombe la FA na kushuka Ligi Kuu ndani ya msimu mmoja kabla yao.

Hapo ndipo linapokuja swali ambalo mashabiki wa England wamekuwa wakibishana tangu siku ile. Ukipewa uchague, kombe halafu ushuke, au umalize nafasi ya 17, ubaki Ligi Kuu na kabati lako likiwa tupu, utachukua lipi?

Ukipiga hesabu za fedha, jibu ni jepesi. Kwa miaka ya karibuni klabu inayoburuza mkia Ligi Kuu inavuna zaidi ya pauni milioni 100 kwa msimu, wakati anayeshinda fainali ya Kombe la FA analipwa takribani pauni milioni 2. Mhasibu hana haja ya kufikiria mara mbili. Lakini historia ya fainali hizi haikuandikwa na wahasibu.

WALIANZA MATAJIRI, WAKAJA WAVUJA JASHO

Kombe la FA ni kongwe kuliko ligi yenyewe. Lilianza msimu wa 1871-72, takribani miaka 17 kabla ya ligi ya England kuzaliwa mwaka 1888. Timu 15 tu ndizo zilizojiandikisha msimu huo wa kwanza. Fainali ilipigwa Machi 16, 1872 kwenye Uwanja wa Kennington Oval, London, uwanja wa kriketi, mbele ya watu wapatao 2,000. Wanderers waliwafunga Royal Engineers, timu ya maofisa wa jeshi, bao 1-0.

Kwa miaka kumi hivi lile lilikuwa kombe la wenye nacho. Waliocheza walikuwa vijana waliosoma shule za gharama, maofisa na mawakili, watu ambao mpira kwao ulikuwa burudani tu.

Mwaka 1883 mambo yakageuka. Blackburn Olympic, timu ya wafanyakazi wa viwandani na mafundi kutoka kaskazini, ilifika fainali dhidi ya Old Etonians, waliosoma shule ya Eton na waliokuwa wakitetea kombe. Olympic walikuwa wamefanya jambo ambalo wakati ule lilishangaza watu, waliweka kambi ya mazoezi mjini Blackpool kabla ya mechi. Dakika 90 ziliisha 1-1. Kwenye muda wa nyongeza Jimmy Costley akapachika bao la ushindi, kombe likapanda treni kwenda kaskazini kwa mara ya kwanza. Tangu siku hiyo hakuna timu ya wachezaji wa ridhaa iliyolibeba tena.

Halafu sikiliza hii. Mwaka 1889, miaka sita tu baada ya ushindi huo, Blackburn Olympic ilivunjwa. Fedha zilikwisha. Timu iliyowapokonya kombe matajiri haikuishi kuona faida yake.

FARASI MWEUPE NA UMATI WA WEMBLEY

Mwaka 1901 Tottenham Hotspur ilibeba kombe ikiwa nje ya ligi, ikicheza Ligi ya Kusini. Hadi leo ndiyo timu pekee ya nje ya ligi kufanya hivyo tangu ligi ianze. Mechi ya kwanza dhidi ya Sheffield United ilitoka 2-2 kwenye Uwanja wa Crystal Palace, kusini mwa London, mbele ya watu 110,820. Ikarudiwa Bolton, Spurs wakashinda 3-1.

Mwaka 1923 fainali ikahamia Wembley, uwanja mpya kabisa. Bolton Wanderers walikuwa wakicheza na West Ham United, na tiketi hazikuwa zimeuzwa mapema. Hesabu rasmi ilisema watu 126,047, lakini wengi wanakadiria walizidi 200,000. Watu waliruka kuta, wakajaa hadi katikati ya uwanja. Askari George Scorey, akiwa juu ya farasi wake mweupe aliyeitwa Billy, akawa anawasogeza taratibu hadi kwenye mistari. Mechi ilichelewa takribani dakika 45. Dakika ya pili tu David Jack wa Bolton akafunga, na mpaka mwisho ikawa 2-0. Watu bado wanaiita fainali ya farasi mweupe.

MIAKA YA WAKUBWA KULIA

Kama kuna zama zilizolipa kombe hili jina lake la kuwaangusha vigogo, ni miaka ya 1970 na 1980.

Mwaka 1973 Sunderland ya Daraja la Pili ilikutana na Leeds United, mabingwa watetezi waliokuwa wakiogopwa nchi nzima. Ian Porterfield alifunga dakika ya 32. Kipindi cha pili Leeds wakamwaga majeshi. Trevor Cherry akapiga kichwa cha kuruka, kipa Jim Montgomery akapangua. Mpira ukamkuta Peter Lorimer, mmoja wa wapigaji mashuti makali zaidi England, hatua chache tu kutoka golini. Akaachia. Montgomery akanyanyuka tena, akaugusa, ukagonga mwamba na kutoka. Filimbi ya mwisho ilipolia, kocha Bob Stokoe alikimbia uwanjani na kofia yake kichwani, moja kwa moja hadi kwa kipa wake, akamkumbatia.

Miaka mitatu baadaye ikawa zamu ya Manchester United, waliokuwa wamemaliza nafasi ya tatu kwenye ligi. Southampton ya Daraja la Pili iliwalaza 1-0 kwa bao la Bobby Stokes dakika ya 83. Mwaka 1980 West Ham, nao wakiwa Daraja la Pili, wakaifunga Arsenal 1-0 kwa kichwa cha Trevor Brooking. Baada ya hapo, hadi kufikia fainali ya 2025, hakuna timu ya nje ya daraja la juu iliyobeba tena.

Mwaka 1988 Wimbledon walikuwa daraja la juu, ndiyo, lakini miaka 11 tu nyuma walikuwa hata kwenye ligi hawamo. Liverpool walikuwa wametoka kutwaa ubingwa wa ligi. Lawrie Sanchez akafunga kwa kichwa dakika ya 37 kutoka kwenye faulo ya Dennis Wise. Kipindi cha pili Liverpool wakapata penalti, akaenda John Aldridge. Kipa Dave Beasant akaruka kushoto na kuipangua, penalti ya kwanza kuokolewa kwenye fainali ya Kombe la FA pale Wembley. Na kwa kuwa ndiye aliyekuwa nahodha, Beasant ndiye aliyepanda ngazi kupokea kombe.

Yaliyofuata hayakuwa mazuri. Mwaka 2002 Wimbledon iliruhusiwa kuhamia Milton Keynes, mji ulio zaidi ya kilomita 80 kutoka kwao. Mashabiki wakagoma. Wakaanzisha timu yao wenyewe, AFC Wimbledon, wakaanzia daraja la tisa, na mwaka 2011 wakarudi kwenye ligi kwa jasho lao.

KOMBE HALILIPI MADENI

Kisha fedha za televisheni zikaingia na wakubwa wakafunga mlango. Kuanzia 1996 hadi 2007, miaka 12 mfululizo, kombe lilizunguka kwa Manchester United, Arsenal, Chelsea na Liverpool tu.

Aliyevunja huo mwiko ni Portsmouth. Mei 17, 2008 Nwankwo Kanu alifunga bao pekee dhidi ya Cardiff City na kombe likaenda pwani ya kusini. Miaka miwili baadaye Portsmouth walirudi fainali wakiwa hoi bin taabani. Walikuwa klabu ya kwanza ya Ligi Kuu kuwekwa chini ya msimamizi kwa sababu ya madeni, wamekatwa pointi tisa, wameshuka wakiwa mkiani. Kevin-Prince Boateng akakosa penalti, Didier Drogba akafunga faulo, Chelsea 1-0. Kufikia 2013 Portsmouth walikuwa wameshuka hadi daraja la nne, na mashabiki ndio waliochanga fedha kuinunua klabu isife.

Kwa hiyo anayesema kombe haliokoi klabu hajakosea. Olympic walikufa, Wimbledon wakahamishwa, Portsmouth wakafilisika, Wigan wakashuka.

BAO LA SAMATTA

Lakini hebu litazame swali lile kutoka upande wa pili, na hapa Watanzania wana ushahidi wao wenyewe. England ina kombe jingine la mtoano, Kombe la Ligi, mdogo wake Kombe la FA. Machi 1, 2020 Aston Villa walicheza fainali yake na Manchester City pale Wembley. City walikuwa mbele 2-0. Dakika ya 41 Anwar El Ghazi akamimina krosi, Mbwana Samatta, aliyekuwa ametua Villa akitokea Genk Januari ile, akajitupa na kuipiga kichwa. Mtanzania amefunga kwenye fainali Wembley.

Mechi iliisha 2-1, City wakabeba. Mwisho wa msimu Villa waliponea chupuchupu kushuka, wakabaki Ligi Kuu kwa tofauti ya pointi moja tu. Ilikuwa hadithi ya Wigan iliyogeuzwa, kombe limekosekana lakini ligi imebaki.

Sasa muulize shabiki yeyote pale Mbagala alipokulia Samatta, anakumbuka nini cha msimu ule. Ile pointi moja, au kile kichwa?

PALACE WALIVYOSUBIRI

Mei 17, 2025 ilikuwa zamu ya Crystal Palace. Klabu hii iliyoanzishwa 1905 inabeba jina la pale pale kusini mwa London ambapo fainali zilichezwa kabla ya Wembley, ila kombe lenyewe ilikuwa haijawahi kuligusa. Ilifungwa fainali mbili, 1990 na 2016, zote na Manchester United.

Safari hii walikutana na City ya Pep Guardiola. Dakika ya 16 Eberechi Eze akaunganisha krosi, bao. City wakatawala mpira, wakapata penalti, Omar Marmoush akapiga, kipa Dean Henderson akaokoa. Mashabiki wa City walilalamika kwamba Henderson alistahili kadi nyekundu mapema kwa kuugusa mpira nje ya boksi, lakini VAR iliangalia na kumwacha. Mwisho 1-0. Lilikuwa kombe kubwa la kwanza katika historia ya Palace. Watu wazima walionekana jukwaani wakilia kama watoto.

Miezi mitatu baadaye Eze alikuwa ameshauzwa Arsenal. Ndivyo ilivyo kwa klabu ndogo, ukishinda wakubwa wanakuja na hundi.

Wigan nao, baada ya kushuka, walicheza Ligi ya Europa wakiwa daraja la pili, na msimu uliofuata wakaitoa City tena kwenye Kombe la FA, robo fainali, nyumbani kwa City. Baadaye wakaporomoka hadi daraja la tatu. Pamoja na yote hayo, ukitaka kumchokoza shabiki wa Wigan, mwambie angeachia kichwa cha Watson ili amalize nafasi ya 17. Timu 17 kila msimu zinabaki Ligi Kuu, na nyingi hakuna anayekumbuka zilimalizaje. Mei 11, 2013 ipo moja, na mzee aliyevunjikia mguu Wembley akiwa kijana aliishuhudia akiwa amesimama kwa miguu yake miwili.